Aliyetuambia Tulie Wapi

Mwaka 1967 mwandishi Truman Capote alikuwa na swali. Kitabu chake In Cold Blood, kinachosimulia mauaji ya watu wanne wa familia moja kijijini Holcomb, Kansas, kilikuwa kinageuzwa kuwa filamu, na mwongozaji Richard Brooks alikuwa amemchagua Quincy Jones kutunga muziki. Kwa masimulizi ya Jones mwenyewe, Capote alimuuliza Brooks kwa nini filamu isiyokuwa na watu weusi itungiwe muziki na mtu mweusi. Brooks alimtukana, kisha akamwambia kwamba Jones ndiye atakayeifanya kazi. Studio nayo ilimtaka Leonard Bernstein. Brooks hakuyumba.

Nimekuwa nikilirudia swali hilo la Capote kila ninapoisikiliza kazi ya Jones. Ni swali la kibaguzi, lakini halikuulizwa na mtu asiyejua sinema. Capote alielewa vizuri muziki hufanya nini ndani ya filamu. Mwigizaji tunamwona. Mwongozaji jina lake liko kwenye bango. Mtunzi wa muziki huingia nasi gizani bila kuonekana, akatuamulia ni wapi tuogope, ni wapi tucheke, na nani kati ya hawa tulio nao kwenye skrini anastahili machozi yetu. Kumpa mtu mweusi kiti hicho, katika Marekani ya mwaka ule, kulikuwa ni kumruhusu awaongoze watazamaji weupe namna ya kuwahisi wauaji weupe wawili. Capote aliuona uzito wa jambo hilo, na halikumpendeza.

Wengi wa rika langu tunalijua jina la Quincy Jones kupitia Michael Jackson: Off the Wall, Thriller, Bad. Albamu hizo zilikuja baadaye. Kabla ya Thriller kulikuwa na takriban miaka 20 ambayo Jones alikuwa mtu wa filamu na televisheni, na ndani ya miaka hiyo kuna historia ambayo kwa sisi wasemaji wa Kiswahili ina mambo yanayotuhusu kuliko tunavyodhania.

Alizaliwa Chicago tarehe 14 Machi 1933, upande wa kusini wa jiji, enzi ya magenge na mdororo wa uchumi. Baba yake alikuwa seremala. Mama yake aliugua akili, akachukuliwa kupelekwa hospitali mtoto akiwa bado mdogo sana. Mwaka 1943 baba aliwahamishia watoto Bremerton, jimbo la Washington, na baadaye Seattle. Jones alisimulia mara nyingi kwamba alipokuwa na miaka 11, yeye na wenzake walivunja mlango wa jumba la burudani usiku wakitafuta chakula. Walipokwisha kula, yeye akaingia chumba kingine, akakuta piano gizani. Akaigusa. Mengine yote ya maisha yake aliyahesabu kuanzia hapo.

Alijifunza tarumbeta. Alipokuwa na miaka 14 hivi alikutana Seattle na kijana kipofu aliyemzidi umri kidogo, Ray Charles, ambaye tayari alijipikia, alijipangia na kujitungia. Wakawa marafiki wa maisha. Kutoka hapo Jones alipata ufadhili wa kusoma muziki Boston, akaacha masomo ili aondoke na bendi ya Lionel Hampton, na mwaka 1956 akawa mkurugenzi wa muziki wa bendi ya Dizzy Gillespie katika ziara iliyofadhiliwa na serikali ya Marekani. Kijana wa miaka 23.

Jambo lililomsumbua ni fidla. New York ya miaka ya 1950 ilikuwa tayari kumpa mpangaji muziki mweusi kazi ya matarumbeta, saksofoni na ngoma. Vyombo vya nyuzi, ile sauti pana inayotandazwa chini ya mapenzi na huzuni, vilihesabiwa kuwa kazi ya wengine. Watu kama yeye walidhaniwa kuwa hawana elimu hiyo, au hisia hiyo. Basi mwaka 1957 akaenda Paris. Huko aliajiriwa na kampuni ya rekodi ya Eddie Barclay, ambako okestra kubwa ilikuwa mkononi mwake kila siku, na akasoma kwa Nadia Boulanger, mwalimu aliyekuwa amemfundisha Aaron Copland na watunzi wengi wa Kimarekani. Alichonyimwa nyumbani kwake alikipata ugenini.

Ukitaka kuelewa kwa nini elimu hii ilikuwa muhimu, tazama jinsi muziki wa filamu ulivyotengenezwa wakati huo. Mtunzi hukaa na mwongozaji wakaitazama filamu iliyokwisha kukatwa, wakakubaliana muziki uanze wapi na uishie wapi. Kisha hupewa karatasi ya nyakati: sekunde ya tatu mlango unafunguka, sekunde ya kumi na moja mwanamke anageuka, sekunde ya ishirini gari linaondoka. Filamu hupita fremu 24 kwa sekunde. Ukienda kwa mapigo 120 kwa dakika, kila pigo linachukua fremu 12 kamili. Ukibadilisha mwendo, hesabu yote inabadilika. Ndani ya hesabu hiyo mtunzi lazima aandike kitu kinachosikika kama hakikuhesabiwa. Halafu anasimama mbele ya wanamuziki waliolipwa kwa saa, filamu ikionyeshwa ukutani, na hana muda wa kukosea. Mpiga jazi hodari asiyejua kuandikia okestra asingemaliza hata asubuhi moja.

Alirudi Marekani akiwa na deni. Mwishoni mwa 1959 alikuwa ameenda Ulaya na onyesho la muziki lililoitwa Free and Easy. Onyesho lilipokufa mapema mwaka uliofuata, aling'ang'ania kuizungusha bendi nzima Ulaya kwa miezi kadhaa, mpaka akawa anadaiwa dola 145,000 kwa hesabu aliyoitoa mwenyewe. Akaenda kufanya kazi ya ofisi katika kampuni ya Mercury, na kufikia 1964 alikuwa makamu wa rais wa kampuni hiyo, cheo ambacho mtu mweusi hakuwahi kukishika katika kampuni kubwa ya rekodi ya watu weupe. Angeweza kutulia hapo. Lakini mwaka 1961 alikuwa ameshatunga muziki wa filamu ya Kiswidi, The Boy in the Tree ya Arne Sucksdorff, na mwaka 1964 Sidney Lumet alimpa The Pawnbroker, kisa cha Myahudi aliyenusurika kambi za Wanazi na sasa ana duka la rehani Harlem. Baada ya hapo aliacha ofisi, akahamia Los Angeles.

Hollywood ilimpokea kwa mshangao. Alipoitwa kutunga muziki wa Mirage, filamu ya 1965 yenye Gregory Peck, waliomwita walikuwa wamesikia kazi yake bila kuuona uso wake. Jones alisimulia jinsi nyuso zilivyobadilika alipoingia mlangoni, na kwamba Henry Mancini, mtunzi wa Pink Panther, alikuwa miongoni mwa waliomtetea. Mwaka huohuo alitunga The Slender Thread, filamu ya kwanza ndefu ya mwongozaji kijana, Sydney Pollack. Jina hilo tutakutana nalo tena.

Sasa turudi kwa Capote na swali lake. Jones alilijibu kwa besi mbili, zile ndefu kupita mtu zinazosimamishwa sakafuni. Wauaji walikuwa wawili, Perry Smith na Dick Hickock, na kila mmoja akawa na besi yake. Filamu ni ya rangi nyeusi na nyeupe, na sehemu yake ilipigwa ndani ya nyumba ileile ya mauaji. Jones angeweza kuwafunika watu hawa kwa matarumbeta ya kutisha, kama sinema nyingi za uhalifu zilivyofanya. Badala yake kuna nyuzi nene zinazochunwa, moja inauliza, nyingine inajibu, kama watu wawili wanaotembea usiku na kila mmoja anamtegemea mwenzake apate ujasiri. Huwaonei huruma, lakini huwezi kukataa kwamba ni binadamu. Hiyo ndiyo kazi Capote aliyokuwa ameifanya kwa maneno katika kitabu, na mtu aliyemtilia shaka aliifanya kwa nyuzi nane. Baadaye, kwa kauli ya Jones, Capote aliomba radhi.

Mwaka huohuo ilitoka In the Heat of the Night ya Norman Jewison, Sidney Poitier akiwa mpelelezi mweusi kutoka Philadelphia anayekwama katika mji wa Mississippi. Sehemu kubwa ya filamu hiyo ilipigwa Illinois, kaskazini, kwa sababu Poitier hakutaka kuhatarisha maisha yake Kusini. Jones alimwita rafiki yake wa Seattle, Ray Charles, aimbe wimbo wa kufungulia. Vijana wawili waliokutana wakiwa na tarumbeta na piano katika mji wa bandari sasa walikuwa wanawaambia watazamaji wa dunia nzima kuna joto gani usiku wa Mississippi.

Sherehe za Oscar za mwaka uliofuata zilipangwa kufanyika tarehe 8 Aprili 1968. Tarehe 4 Martin Luther King aliuawa Memphis. Sherehe zikasogezwa mbele siku mbili ili mazishi yapite. Jones alikuwa ameteuliwa mara mbili: muziki wa In Cold Blood, na wimbo wa filamu nyingine iitwayo Banning. Hakushinda hata tuzo moja. In the Heat of the Night ilitangazwa filamu bora ya mwaka, siku moja baada ya King kuzikwa.

Televisheni ilimtaka kwa namna nyingine. Wimbo wa kufungulia kipindi una kazi kama ya muadhini: unamwita mtu aliye jikoni. Una chini ya dakika moja, na lazima mtu aujue kabla ya sauti ya tatu. Kwa Ironside, kisa cha mpelelezi anayetumia kiti cha magurudumu, Jones alitumia sintesaiza kutoa mlio kama king'ora, wakati chombo hicho kilikuwa bado kigeni masikioni mwa watu. Mlio huo ndio Quentin Tarantino alioutumia tena katika Kill Bill mwaka 2003, kwa hiyo huenda umeshausikia bila kujua ulikotoka. Kwa Sanford and Son, kichekesho cha 1972 kuhusu baba na mwana wanaouza vikuukuu, alitunga kitu kinachotembea kama gari bovu lenye dereva mwenye furaha. Katikati ya hizo kulikuwa na The Italian Job, Cactus Flower, The Getaway, filamu juu ya filamu, mapenzi, vichekesho na wizi wa benki. Hili la aina nyingi ni muhimu. Aliandikia watu weupe wanaopendana California na wezi wa dhahabu Turin. Kufikia 1972 hakuna aliyeweza tena kumuuliza Brooks au mwongozaji mwingine yeyote swali lile.

Agosti 1974 mshipa ulipasuka kichwani mwake. Alipasuliwa mara mbili. Hali ilikuwa mbaya kiasi kwamba marafiki walikuwa wameandaa tamasha la kumkumbuka. Alipona, akahudhuria tamasha hilo akiwa hai. Tarumbeta aliambiwa aisahau, kwani kupuliza kungeweza kumuua.

Ndipo ikaja Roots. Kisa cha Alex Haley kuhusu Kunta Kinte, kijana wa Kimandinka aliyekamatwa Gambia na kuuzwa Marekani, kilionyeshwa na ABC usiku nane mfululizo, tarehe 23 hadi 30 Januari 1977. Usiku wa mwisho ulitazamwa na watu wanaokadiriwa kuwa milioni 100. Jones ndiye aliyepewa muziki. Alichelewa, na watayarishaji walimwita Gerald Fried kumalizia. Wawili hao walishinda tuzo ya Emmy kwa sehemu ya kwanza. Lakini alichokifanya Jones katika sehemu hiyo kiligeuza mwelekeo wa kazi yake. Aliwaita Letta Mbulu na Caiphus Semenya, wanamuziki mke na mume kutoka Afrika Kusini, waliokuwa wakiishi uhamishoni Marekani kwa sababu ya siasa za makaburu. Letta Mbulu aliimba wimbo ambao jina lake lina neno Oluwa. Hilo ni neno la Kiyoruba, lenye maana ya Bwana, Mungu.

Hesabu hapo: kijana wa Gambia, neno la Nigeria, sauti ya Soweto, mtunzi wa Chicago. Mtu wa jiografia angepiga kelele. Ningependa kukaa kidogo kwenye jambo hili, kwa sababu ndipo Kiswahili kinapoingia.

Katika miaka ya 1960 Wamarekani weusi waliokuwa wakitafuta lugha ya Afrika ya kujiita nayo walikichagua Kiswahili. Mababu zao wengi walitoka Afrika Magharibi na Kongo hadi Angola, na walikizungumza wachache mno au hakuna. Hata hivyo Kiswahili hakikuwa cha kabila moja, na kilikuwa lugha ya nchi zilizotoka kupata uhuru. Mwaka 1966 Maulana Karenga alianzisha Kwanzaa na kuipa kanuni zake majina ya Kiswahili. Mwaka huohuo televisheni ya Marekani ikamwonyesha Luteni Uhura wa Star Trek, jina lililotokana na neno uhuru. Herbie Hancock alijiita Mwandishi, na albamu yake ya 1971 ikabeba jina hilo.

Jones alikuwa mtu wa wakati huo. Usiku wa tarehe 28 Januari 1985, alipokuwa akiwaongoza waimbaji zaidi ya 40 kurekodi We Are the World kwa ajili ya wenye njaa Ethiopia, Stevie Wonder alipendekeza mstari wa Kiswahili uongezwe. Ubishi ukazuka, mwimbaji mmoja wa kantri akaondoka zake, na mtu akakumbusha kwamba Ethiopia hawasemi Kiswahili. Mstari ukaachwa. Miaka miwili baadaye, katika albamu ya Bad aliyoitayarisha Jones, wimbo wa Liberian Girl ulifunguliwa na Letta Mbulu akitamka maneno ya Kiswahili, kwa msichana wa Liberia, nchi ambayo Kiswahili chake ni sawa na Kiswahili cha Norway.

Ni rahisi kuwacheka. Mimi huishia kutabasamu tu, kwa sababu ya neno moja.

Mwaka 1985 ndio mwaka wa The Color Purple. Jones alikuwa mmoja wa watayarishaji, na ndiye aliyemshawishi Steven Spielberg aiongoze. Ndiye pia aliyemwona mtangazaji wa televisheni ya Chicago aitwaye Oprah Winfrey na kusema huyu ndiye Sofia. Spielberg kwa kawaida alifanya kazi na John Williams. Safari hii muziki ulikuwa wa Jones. Katika riwaya ya Alice Walker, Nettie anakwenda Afrika na wamishonari, akipitia Senegal na Liberia, mpaka kwa Waolinka, watu waliobuniwa na mwandishi. Katika filamu, picha za Afrika zilipigwa Kenya. Na Corrine, mke wa mmishonari, anapofia huko, albamu ya muziki wa filamu inatupa kipande kinachoitwa Katutoka Corrine.

Katutoka. Kiswahili cha shule kingesema ametutoka. Lakini mtu wa Unguja, au wa Dar es Salaam anayezungumza bila kujikagua, hasemi hivyo. Husema kafa, kaondoka, katutoka. Ndivyo habari inavyofika kwenye simu alfajiri: bibi katutoka. Neno hili halipatikani kwa kufungua kamusi na kunakili. Lina mwili wa mtu aliyelisikia msibani. Sijali tena Waolinka hawapo kwenye ramani. Mahali fulani kati ya studio za Los Angeles na kipande kile, kulikuwa na mtu aliyejua jinsi tunavyopeana taarifa ya kifo, na mtunzi aliyekuwa kiongozi wa kazi alimpa nafasi.

Tarehe 24 Machi 1986 filamu hiyo ilikwenda kwenye Oscar na teuzi 11. Mpinzani wake mkuu alikuwa na teuzi 11 pia: Out of Africa, kisa cha Karen Blixen na shamba lake la kahawa chini ya vilima vya Ngong. Mwongozaji alikuwa Sydney Pollack, yuleyule ambaye miaka 20 nyuma Jones alimtungia muziki wa filamu yake ya kwanza. Muziki wa Out of Africa ulitungwa na Mwingereza John Barry. Ni fidla pana zinazopaa juu ya ndege ndogo na tambarare za Kenya, na ni muziki mzuri, sitasema vingine. Lakini sikiliza unamtaka nani alie, na kwa ajili ya nani. Ardhi ni yetu, huzuni ni ya wageni wawili wanaopendana juu yake. Out of Africa ilichukua tuzo saba, ikiwamo ya muziki. The Color Purple haikuchukua hata moja.

Haki itendeke kwa pande zote. Orodha ya walioteuliwa kwa muziki wa The Color Purple ilikuwa na majina 12, Semenya akiwa mmojawao, na sehemu kubwa ya muziki huo ni fidla tamu za Hollywood ambazo Barry mwenyewe asingezikataa. Yule aliyekwenda Paris kudai haki ya kuandikia nyuzi alikuwa amezoea nyuzi kiasi kwamba mahali pengine zinamfunika Celie badala ya kumwacha aongee. Filamu inapumua inapofika kwenye nyimbo za klabu ya njiani, kwaya ya kanisani na kipande kile cha msiba. Kiti cha mtunzi humbadilisha pia anayekikalia, na Jones alikuwa amekikalia muda mrefu.

Mwaka uliofuata tuzo ya muziki ilikwenda kwa Herbie Hancock, kwa filamu ya Round Midnight. Yule aliyejiita Mwandishi alikipata alichokikosa Jones. Kisha ikaja The Lion King mwaka 1994: simba ana jina la Kiswahili, nyani ana jina la Kiswahili, na sauti inayofungua filamu ni ya Lebo M akiimba Kizulu. Hans Zimmer alishinda Oscar kwa muziki huo. Mwaka 2019 alishinda Ludwig Göransson kwa Black Panther, akiwa amekwenda Senegal kufanya kazi na Baaba Maal, kwa ajili ya nchi ya kubuni ambayo watu wake wanasema Kixhosa. Mchanganyiko ule wa Roots haujaisha. Umekuwa ndiyo njia ya kawaida ya sinema kubwa kuitengeneza Afrika.

Kwa hiyo ninapousikiliza muziki wa filamu hizo sianzi tena kwa kuuliza kama lugha ni sahihi. Nauliza nani alikuwa chumbani wakati inaamuliwa sauti ianze wapi, na alikuwa na mamlaka gani. Jones alianza kama mtu mmoja mweusi chumbani, akiwa amejifunza kila kitu ili asipate kufukuzwa. Alipopata nguvu ya kuwaita wengine, aliwaita waliofukuzwa kwao, na akaandika majina yao kwenye kazi. Hayo mawili ndiyo jibu la Capote. Besi mbili zilithibitisha kwamba ufundi hauna rangi. Semenya na Mbulu wanathibitisha kwamba mlango ulikuwa nayo, na kwamba aliyeupita alikumbuka kuushikilia.

Katika maisha yake aliteuliwa mara saba kuwania Oscar za mashindano, na hakushinda. Alipewa tuzo ya utu wema ya Jean Hersholt mwaka 1995, na mwaka 2024 ikatangazwa kwamba angepewa Oscar ya heshima. Sherehe ilipangwa tarehe 17 Novemba. Tarehe 3 mwezi huohuo, nyumbani kwake Los Angeles, akiwa na miaka 91, Quincy Jones katutoka. Familia yake ilikwenda kuipokea.